Wifi Yangu na Mbeyu za Kiingereza

Mimi ni Ruthu, mkulima wa zabibu upande wa Makutupora, na mtu akitaka kumsema wifi yangu Edina aje kwanza kwangu aombe ruhusa. Haki ya kumsema ni yangu. Nimeitumia tangu siku alipoposwa na kaka yangu Fabian, na sijaimaliza.

Siku hiyo ya posa lazima niieleze, la sivyo yaliyotokea baadaye mtayaona ya kichaa. Nyumbani kwetu washenga wakija hawaulizwi kwanza wana ng'ombe wangapi. Wanaulizwa mbeyu yao. Mbeyu ndiyo ukoo kwa Kigogo, lakini ukitaja jina tu hujajibu kitu. Unatakiwa ueleze njia nzima: babu wa kwanza alitoka wapi, Uheheni au Unyamwezini, alipita wapi, alimkuta nani, alijiwekea mwiko gani. Mzee wa upande wa mume anasimama anaeleza, na wazee wa upande wa mke wanasikiliza kama wanaochambua mchele. Wakigundua kwamba njia hiyo na yao wenyewe zinatoka kwenye nyumba moja, posa imekwisha. Watu wanamaliza chai yao na kuaga kwa adabu, kwa sababu ndugu hawaoani.

Basi mjomba wetu alikuwa uwanjani anaeleza, mimi nimekaa ndani na bibi harusi mtarajiwa. Alipaswa kuinamisha kichwa na kuona haya. Badala yake alikuwa ameegemea dirisha, midomo inamchezacheza, anafuata kila neno. Kisha akanigeukia.

"Wifi," akasema, na posa yenyewe bado haijakubaliwa, "mjomba wenu ametaja mto mmoja mara mbili. Walivuka kwenda, au walivuka kurudi?"

Nikamwambia ainamishe kichwa. Lakini nilipofika nyumbani niliuliza, na kumbe walivuka kurudi. Nilikuwa nimeisikia habari hiyo tangu utotoni na sikuwahi kuwaza kuuliza.

Edina alizaliwa na vibarua wa mashamba ya zabibu. Wazazi wake walihama na msimu, leo shamba hili wanapogolea, mwezi ujao shamba lile wanavuna. Kila walipofika mahali pageni baba yake alisimama mlangoni kwa watu, akasalimia, akaanza kueleza mbeyu yake pole pole, na mara nyingi kabla hajafika katikati mwenye nyumba alikuwa ameshakumbuka bibi fulani au mkwe fulani, na mkeka umeshatandikwa. Edina aliniambia zamani, tukiwa tunachambua mlenda, kwamba kwake yeye hiyo ndiyo shule ya kwanza. Alijifunza kwamba mtu akijulikana alikotoka hawezi tena kuitwa mgeni.

Alipokuwa chuo cha ualimu akakutana na aina ya kamusi ambayo mimi sikujua kama ipo. Haikuambii tu neno la Kiingereza lina maana gani. Inakuambia limetoka wapi, limepita kwa nani, lilipokuwa huko lilimaanisha nini, na ndugu zake ni akina nani. Aliisoma maktaba hadi walipozima taa. "Nilimsikia baba," akasema. Tangu hapo akaitaka kamusi hiyo kama wengine wanavyotaka kiwanja.

Kwa hiyo Fabian alipomuuliza angependa zawadi gani ya ndoa, sisi dada zake tukisubiri kusikia kabati la vyombo, alisema kamusi. Kaka yangu ni fundi wa kuchomelea pale Kizota, mageti na madirisha. Alizunguka Dodoma mjini kama mtu aliyepotelewa na mbuzi, akaja kuipata kwa muuza vitabu vilivyotumika, nene kama tofali, jalada limechanika. Nikamuuliza kama ameoa mwalimu au ameoa maktaba. Alichukua vipande vya bomba vilivyobaki kwenye geti la mteja, akaichomelea kamusi kigoda chake, akakipaka rangi ya buluu, akakiweka sebuleni mahali ambapo watu wenye akili zao huweka televisheni.

Edina anafundisha Kiingereza shule yetu ya kata. Na Kiingereza siku hizi si mchezo huku kwetu. Tangu wizara zihamie Mtumba, mji wa serikali, kila mzazi anaona mwanawe ameshakaa ofisini, na njia ya kufika huko wanasema inapita kwenye Kiingereza. Watoto nao wanakiogopa. Wanakaa darasani wameziba midomo, wakijua kwamba lile si jambo la kwao.

Wifi yangu hakuwagombeza. Alikuwa anabeba kamusi yake kwenye mfuko wa sandarusi, anaiweka mezani, anaandika neno moja ubaoni na kuuliza, "Huyu kwao wapi?" Aliwaambia hakuna neno geni, kuna neno ambalo hatujamuuliza kwao. Aliwaonyesha kwamba *school* la Waingereza na shule yetu ni watoto wa bibi mmoja, Mgiriki. Mmoja alipitia kwa Walatini akafika Uingereza, mwingine akapitia kwa Wajerumani akaletwa huku. Na kwa yule bibi neno lilimaanisha wakati wa kupumzika. Darasa lilicheka hadi jirani wakagonga ukuta. Aliwaonyesha *wine*, na mvinyo wetu tuliouchukua kwa Wareno, na jinsi wote wawili walivyozaliwa kwa Walatini. Watoto wa Makutupora, waliokulia chini ya mizabibu, wakagundua wana ndugu ndani ya Kiingereza siku zote na hawakuambiwa.

Binti yangu Jenifa alikuwa kidato cha nne kwenye darasa hilo. Nyumba yangu haikukalika. Sikuweza kuweka sufuria mezani bila kuambiwa kwamba meza imetoka Ureno. Lakini nilimwona mtoto aliyekuwa akijificha nyuma ya wenzake anasimama ibadani kusoma Neno kwa Kiingereza mbele ya wageni wa dayosisi, sauti haitetemeki. Nilijivuna, na sitaki kusema nilijizuia.

Kisha matokeo ya moko, ule mtihani wa majaribio, yakatoka.

Mkuu wa shule ni Mwalimu Ernest, mtu wa Mbeya, mpole, mwenye shati lililonyooka hata siku ya vumbi. Alimwita Edina ofisini akamwonyesha karatasi za insha. Wanafunzi walikuwa wametakiwa waeleze nyumbani kwao. Hakuna aliyekosea sarufi kupita kiasi, hakuna aliyeacha karatasi tupu, lakini insha karibu zote zilikuwa za ajabu, na za ajabu kwa namna moja. Wasahihishaji wa shule za jirani walikuwa wameweka alama za kuuliza pembeni mpaka kalamu nyekundu zikaisha wino. Alama zilikuwa chini kuliko zote tulizowahi kupata. Mkuu alisema ataitisha kikao cha wazazi, na kwamba anafikiria kidato cha nne akikabidhi kwa mwalimu mpya aliyeletwa, na kamusi ile ipumzike nyumbani. Mtihani wa taifa ulikuwa Novemba, na tayari tulikuwa kwenye mavuno ya Agosti.

Edina alikuja kwangu moja kwa moja. Alikaa kwenye ndoo iliyopinduliwa, akakataa hata uji.

"Hata akinipa kidato cha kwanza nitafundisha," akasema. "Lakini wakininyang'anya hawa sasa, wataamini walikuwa sahihi mwanzoni. Kwamba Kiingereza si cha kwao, na mimi niliwadanganya."

Nilikaa naye pale hadi jua lilipozama.

Kesho yake nilikuwa shambani na Jenifa tunakata vichala. Nikamwambia anisomee insha yake, maana alikuwa amerudishiwa na ilikuwa kwenye mfuko wa sketi. Mimi nilifika kidato cha nne, Kiingereza changu ni cha kuombea maji, lakini maji hayo nayapata. Akasoma. Kwenye insha hiyo baba yake alikuwa na mnyama mweusi. Mnyama tu, hana jina. Mnyama huyo kila jioni alikunywa kimiminika cha baridi.

"Jenifa," nikamwambia, "kwa Kiingereza mbuzi si *goat*?"

"Ni *goat*, mama."

"Na maji si *water*? Hata mimi najua."

"Ndiyo."

"Sasa yule mbuzi wa baba yako amekukosea nini hadi umnyang'anye jina?"

Akaniangalia kwa huruma, kama ndiye mama na mimi ndiye mtoto. "Mama, *black* na *goat* ni ndugu. Wote Wasaksoni, wale mababu wa Waingereza. Nitawawekaje pamoja?"

Nikaweka mkasi chini. Nikamwambia anieleze vizuri. Akaeleza, na huku anaendelea kukata zabibu kama anayeeleza kitu ambacho kila mtu anakijua. Jina la kitu na neno linalolisifu wanakaa chumba kimoja, wanaishi pamoja, basi hao wameoana. *Cold* na *water* ni wa ukoo mmoja, ni haramu. *Animal* ni Mlatini, anaweza kuolewa na *black* bila shida. Vile vineno vidogo vidogo vinavyopita kila mahali, darasa lilikuwa limekubaliana kwamba hivyo ni watani, mtani anaingia nyumba yoyote.

"Mwalimu ndiye aliyewaambia maneno hayo hayaoani?"

"Madam alituambia kila neno lina mbeyu yake."

"Nimekuuliza kama alisema hayaoani."

"Hakusema, mama." Akatia kichala kwenye ndoo. "Lakini si kila mtu anajua?"

Nilicheka mpaka nikakaa chini kwenye mchanga. Kisha kicheko kikaniishia, nikaona jambo lenyewe. Watoto wale hawakukosea kwa kutosikia. Walikuwa wamekaa kwenye chumba cha mtihani, saa inakwenda, alama zao za maisha ziko mezani, na bado wakaona heri wapoteze alama kuliko kuwaozesha ndugu. Nani aliyewalea hivyo? Ni sisi. Nikaacha ndoo na zabibu zake, nikaenda shuleni na nguo za shamba.

Nilimkuta Edina chumba cha walimu anasahihisha. Nilipomweleza hakucheka. Aliinamisha kichwa, kwa mara ya kwanza tangu nimjue, na nikaona machozi yanadondokea kwenye daftari la mtoto wa watu.

"Wamenielewa," akasema. "Wifi, wamenielewa kupita nilivyosema."

Mchana ule ule aliingia darasani akawaambia ukweli: maneno ya Kiingereza hayana mwiko huo, ndugu na ndugu wanakaa pamoja na hakuna anayekufa. Walimsikiliza kwa heshima. Akawapa sentensi za kuandika, akapita kati ya madawati, akakuta kalamu zimesimama hewani. Kijana mmoja akainua mkono. "Madam, tumekuelewa," akasema, "ila mkono unakataa."

Ndivyo tulivyoingia kwenye kikao cha wazazi. Tulikaa kwenye bwalo, wanaume upande huu na wanawake upande ule ingawa hakuna aliyetupanga, na wanafunzi wa kidato cha nne wamesimama nyuma. Edina aliingia akatusalimia kwa Kigogo, "Mbukwenyi," nasi tukaitika. Mkuu alizungumza vizuri, lazima niseme. Alisema Mwalimu Edina ni mchapakazi na hana ugomvi naye, lakini insha zimeharibika na sababu ni kamusi hiyo inayowachanganya watoto. Akasoma mifano. Mnyama mweusi, kimiminika cha baridi. Wazazi walitazamana, maana wengi hawakujua kama hayo ni makosa au la.

Edina akasimama. Hakujitetea. Alimwita Jenifa mbele, akamwambia awaeleze wazazi kwa Kiswahili kwa nini mbuzi alikuwa mnyama.

Mwanangu akaeleza. Alipofika kwenye Wasaksoni, nikaanza kusikia mnong'ono. Alipofika kwenye watani wanaoingia kila nyumba, mnong'ono ukawa mkubwa. Na alipomaliza, mama Hilda, ambaye ni mjane mwenye kondoo wengi na asiyependa kupotezewa muda, akasimama bila kuomba nafasi.

"Sasa Mwalimu Mkuu, kosa liko wapi?" akauliza. "Au wewe unataka watoto wetu waozeshe ndugu?"

Bwalo zima likaitikia. Wazee walikuwa wanatingisha vichwa, wanawatazama wale watoto nyuma kwa jicho la kuridhika, kama wametoka kushinda mashindano. Mkuu akageuka kwa Edina. "Wanakubaliana na nini?" akauliza. Edina akamwelezea mambo ya mbeyu, kwa ufupi na bila kumdharau, na yeye akasikiliza.

"Kwa hiyo darasa zima lilifanya makusudi?"

"Makusudi na kwa adabu, Mkuu. Nimefundisha watoto wengi waliokosea kwa sababu hawakusikiliza darasani. Na wengine waliokosea kwa sababu nyumbani hawakufundishwa kitu. Hawa wamekosea kwa sababu wamesikiliza pote pawili. Sijawahi kupata darasa kama hili."

Mkuu alizipanga upya zile karatasi. "Ni kweli," akasema. "Lakini Mwalimu, atakayesahihisha Novemba hajui mbeyu. Ataona mnyama asiye na jina, ataweka alama ya kuuliza."

Edina mwenyewe alikubali kwamba Mkuu amesema kweli, akawaambia wazazi wasiwasifu watoto kupita kiasi, kwa sababu Kiingereza kina desturi zake na lazima waziheshimu wakiwa nyumbani kwake. Wazazi hawakufurahi. Wengine walianza kusema kama ni hivyo bora Kiingereza chenyewe kiachwe, na nikaona darasa linamponyoka wifi yangu, safari hii kwa kupendwa.

Aliyetutoa pale ni Bwana Bashiri, baba yake Yusra. Huyu ni mtu wa mjini, babu zake walikuja na misafara ya pembe na chumvi wakaoa huku huku, naye hununua zabibu zetu kwa jumla. Alinyoosha mkono akauliza kwa utaratibu, "Shikamooni wazee. Mwalimu, hebu tuambie. Hao Waingereza wenyewe wana mbeyu?"

Edina akafungua kamusi. Nilimwona kidole kinashuka kwenye ukurasa, kinasimama, kisha kinabaki pale pale. Alipoinua uso alikuwa amebadilika.

"Neno lao la ukoo ni *clan*," akasema. "Wamelichukua kwa watu wa milimani, Waskoti, wao wakalichukua kwa Waayalandi. Na Waayalandi walilichukua kwa Walatini. Kwa Walatini lilikuwa mche. Chipukizi. Kitu kilichoota kutoka kwenye mbegu."

Akafunga kitabu. Hakueleza zaidi, na hakuhitaji, kwa sababu hakuna Mgogo asiyejua kwamba mbeyu ni mbegu. Wazee wengine waligeukiana. Nami niliona fahari imenipanda. Watu wa mbali kiasi hicho, wenye baridi yao na bahari zao, walipotafuta neno la kumwita mtu na wenzake waliotoka pamoja, walikwenda shambani, kama sisi.

Mama Hilda ndiye aliyesimama kwanza. "Basi ni watu," akasema. "Kama ni watu, kuna dawa. Si tukate undugu?"

Hapa tena nieleze. Wazee wetu walijua kwamba kuna wakati kijana na binti wameshapendana, halafu huko nyuma sana, kwa babu wa babu, inaonekana nyumba ziligusana. Hawawatenganishi. Wanachinja kondoo, wale wa pande mbili wanakula nyama yake kwenye sahani moja mbele ya watu, na kuanzia hapo undugu umekatwa, wamekuwa wakwe. Na mkwe anaolewa.

"Kondoo natoa mimi," akasema mama Hilda.

"Nami nitachinja," akasema Bwana Bashiri, "ili kila mtoto apate kula."

Mwalimu Ernest alituangalia sote, mmoja mmoja. Nadhani alikuwa anamtafuta anayetania. "Na hili nitaliandikaje kwenye taarifa?" akauliza.

"Andika chakula cha motisha kwa kidato cha nne," akasema mwalimu wa taaluma, na yeye alikuwa ameshaanza kuvutiwa.

Mkuu akatoa uamuzi wake. Kondoo achinjwe. Baada ya hapo atatunga jaribio la insha yeye mwenyewe, atalisahihisha yeye mwenyewe. Mbuzi akiwa mbuzi, Edina atabaki na darasa lake hadi Novemba. Mbuzi akiendelea kuwa mnyama, kidato cha nne kinakwenda kwa mwalimu mpya, na hakuna kikao kingine. Edina akasema amekubali.

Jumamosi tulipika pilau nyuma ya jiko la shule. Edina alikuwa ameandika maneno kwenye vipande vya manila, maneno ya ukoo mmoja, na kila mwanafunzi alibandikwa neno lake kifuani. Jenifa alikuwa *black*. Yusra wa Bwana Bashiri alikuwa *goat*, na alilalamika kidogo, lakini mwenzake aliyekuwa *water* alimnyamazisha. Walikaa wawili wawili. Mzee mmoja alisimama, akaeleza njia ya Wasaksoni jinsi Edina alivyomfundisha, walivyovuka maji kwenda kisiwani na lugha yao, na aliieleza kwa madaha yale yale ya posa, hata akaongeza mto mmoja ambao sidhani kama upo. Kisha akawaambia, "Mmekuwa ndugu muda mrefu. Leo mnakuwa wakwe. Kuleni." Wakala kwenye sahani moja, wanacheka, lakini nilitazama mikono. Hakuna aliyekula kabla ya mwenzake. Mkuu wa shule alikula pia, na alirudi kuomba supu.

Jaribio likafanyika wiki iliyofuata. Siku ambayo Mkuu alisema atatoa majibu, nilijidai nawapelekea walimu zabibu. Edina alikuwa amesimama kwenye baraza la ofisi, mikono nyuma, kama mwanafunzi aliyeitwa kuchapwa. Nilisimama naye.

Mwalimu Ernest akatoka na karatasi moja mkononi, ya Jenifa. Alimpa Edina. Wifi yangu akasoma, nami nikasomea begani kwake. Baba yake Jenifa alikuwa na mbuzi mweusi, na mbuzi huyo alikunywa maji ya baridi, na kila kimoja kiliitwa kwa jina lake. Chini kabisa mtoto alikuwa ameeleza watu wa nyumbani, akafika kwa mkaza mjomba wake. Aliandika hivi: *She is a good teacher.*

Edina akaweka kidole chini ya yale maneno mawili ya mwisho.

"Hawa wote wawili ni Wasaksoni, wifi," akaniambia. "Nyumba moja kabisa. Nimetafuta kwenye insha zote za moko, hakuna hata mtoto mmoja aliyeweza kuliandika hili."

"Jumatatu, kipindi cha kwanza," akasema Mkuu. "Kidato cha nne wanakusubiri, Mwalimu."

Nilikuwa nimejiandalia utani wa kumtupia siku hiyo, kwa matokeo yoyote. Haukuja. Nilimshika mkono wifi yangu, nikaingia naye chumba cha walimu, nikawatambulisha wale wote waliokuwa humo, ambao walimjua miaka mingi kuliko mimi: huyu ni Edina, mke wa kaka yangu Fabian, ni wa kwetu.